Kutunga Kalenda ya Ulimwengu wa Kubuni

Ukiandika riwaya ya njozi, mapema sana mhusika mmoja atamuuliza mwenzake: lini? Meli inang'oa nanga lini, harusi ni lini, jeshi la adui litafika lini. Ukimjibisha "Jumanne ijayo", umemtoa msomaji kwenye nchi uliyomjengea kwa sura tatu nzima na kumrudisha kituo cha daladala. Ukimjibisha "siku ya tatu ya Zharvanoth", umempa jina gumu lisilobeba kitu. Kalenda nzuri ya kubuni hujengwa kwa hesabu ya anga, kazi za watu na ugomvi wao. Majina huja mwisho, na ukiifanya kazi vizuri mengi yatakuja yenyewe. Chukua karatasi na kalamu. Hesabu zinazohitajika ni za kugawanya na kuzidisha tu.

Anza na anga

Andika namba mbili kabla ya kitu kingine chochote: mwaka wako una siku ngapi, na mwezi wa angani huchukua siku ngapi tangu kuandama hadi kuandama tena. Kwetu mwaka ni siku 365 na karibu robo, na mwezi ni siku 29 na nusu na ushei. Miezi 12 ya mwandamo hufanya siku 354, pungufu kwa siku kama 11. Kalenda kubwa za dunia zimetofautiana hasa katika kuamua siku hizo 11 zifanywe nini. Kalenda ya Kiislamu huziacha ziende, ndiyo maana Ramadhani hutangulia kila mwaka, na mtu aliyejaliwa umri amefunga katika joto la kaskazi na katika mvua za masika. Kalenda ya Kiyahudi huzikusanya, kisha huongeza mwezi wa kumi na tatu mara 7 katika kila miaka 19. Julius Caesar, mwaka 45 kabla ya Kristo, aliachana kabisa na mwezi wa angani, akabaki na jua na siku moja ya ziada katika kila mwaka wa nne.

Nawe una njia hizo tatu. Usichague bado, tuone kwanza namba zinavyofanya kazi.

Tuseme unatunga nchi ya visiwa. Mwaka wake una siku 310, na mwezi huandama kila baada ya siku 25. Miezi 12 inakula siku 300, zinabaki 10. Watu wa visiwa wakiziacha ziende, sikukuu yao ya mwezi itatangulia siku 10 kila mwaka na kuzunguka misimu yote kwa miaka 31. Wakitaka isitoke msimu wake, lazima waongeze mwezi: miaka 5 ni siku 1,550, nazo miezi 62 ya siku 25 ni siku 1,550 hizo hizo, yaani miezi 2 ya ziada katika kila miaka 5.

Sasa jiulize nani anautangaza mwezi wa ziada. Roma ya kabla ya Caesar iliwaachia makuhani mamlaka hayo, nao walituhumiwa kuurefusha mwaka rafiki zao walipokuwa madarakani na kuufupisha walipokuwa maadui. Katika visiwa vyako, kama kodi hulipwa kwa mwezi na mfungwa huachiwa mwaka ukiisha, kuhani mwenye haki ya kuongeza siku 25 ana nguvu kuliko jemadari. Hujaandika hata sentensi moja ya kisa, lakini kisa kimeshaanza.

Ndiyo maana nakusihi uepuke mwaka wa siku 360 wenye miezi 12 ya siku 30 kamili na mwezi wa angani unaotii kama askari. Hesabu isiyo na baki haimpi mtu yeyote sababu ya kugombana, wala haimwachii mtu siku ya kusherehekea.

Ukishapata namba, pima nazo umri wa watu wako papo hapo. Miaka 20 ya siku 310 ni siku 6,200, karibu miaka 17 ya kwetu. Kamanda uliyemwita kijana wa miaka 20 ni mvulana wa sekondari. Mimba ya binadamu itachukua karibu miezi 11 ya kule, kwa hiyo hakuna mwanamke wa visiwani atakayesema anangoja mwezi wa tisa. Haya ndiyo makosa yanayowaponyoka waandishi wengi, kwa sababu kila sentensi inasomeka vizuri peke yake.

Ukitaka mwezi wa pili angani, upe kazi. Tuseme ni mdogo na huandama kila siku 40. Ikitokea miezi yote miwili imepevuka usiku mmoja, itapevuka pamoja tena baada ya siku 200. Na ikitokea usiku huo umeangukia siku ya mwaka mpya, jambo hilo halitajirudia mpaka siku 6,200 zipite, miaka 20 kamili. Mtoto aliyezaliwa usiku ule atatimiza miaka 20 usiku mwingine wa namna ile ile. Wamaya walikuwa na mizunguko miwili ya siku, mmoja wa 260 na mwingine wa 365, iliyokutana kila baada ya miaka 52. Waazteki, waliohesabu kwa mzunguko huo huo, walizima mioto yote ulipofika mwisho, wakawasha moto mpya kwa ibada. Hofu yao ya mwisho wa mzunguko ilizaliwa na hesabu, na yako inaweza kuzaliwa hivyo hivyo.

Mwezi huvuta maji pia. Kwetu bamvua huja mwezi unapoandama na unapopevuka, na katikati yake ni maji mafu. Nchi yenye miezi miwili itakuwa na bamvua za kutisha miezi ikivuta pamoja, na wavuvi watazijua tarehe zake kuliko makuhani. Ukitaka merikebu za adui zipite juu ya mwamba hadi bandarini, zipitishe usiku wa bamvua kama hiyo. Halafu kumbuka sura ya mwezi wenyewe: mpevu huchomoza jua linapotua, na hilali changa huonekana upande wa magharibi jioni, ikazama mapema. Ukiandika kwamba hilali changa ilichomoza usiku wa manane, msomaji aliyekulia pwani hatakuamini tena katika jambo lolote la bahari.

Juma halimo angani

Mwaka na mwezi umepewa na anga, juma hujapewa na mtu. Litoe sokoni, kwenye ibada au ikulu. Waigbo wa Nigeria wana juma la siku 4, Eke, Orie, Afo na Nkwo, linalofuata mzunguko wa masoko yao. Mapinduzi ya Ufaransa yalileta juma la siku 10 mwaka 1793. Mfanyakazi aliyezoea kupumzika siku ya 7 akaanza kuingoja ya 10, na Napoleon aliifuta kalenda nzima kuanzia tarehe 1 Januari 1806. Umoja wa Kisovieti ulijaribu juma la siku 5 kuanzia 1929. Wafanyakazi waligawanywa makundi, kila kundi na siku yake ya mapumziko, ili mashine zisisimame, na mume na mke wakaweza kujikuta wanapumzika siku tofauti. Siku 7 zilirudi mwaka 1940.

Katika visiwa vyetu, tufanye visiwa vikubwa ni vitano na gulio huzunguka: leo kisiwa hiki, kesho kile. Juma la siku 5 limepatikana, na majina yake yamekuja bila kutafutwa, kwa sababu kila siku itaitwa kwa kisiwa chenye soko: Chumvi, Mikoko, Pweza, Majani, Makaburi. Siku 310 zinagawanyika kwa 5 bila baki, kwa hiyo kila mwaka utaanza siku ile ile. Sasa jaribu kuwaletea mfalme wa kisiwa cha sita, aliyeshinda vita, anayetaka nacho kiwe na siku yake.

Mfano wa Tolkien

Kabla hujafika mbali na yako, soma kiambatisho D mwishoni mwa juzuu la tatu la The Lord of the Rings, lililotoka 1955. J.R.R. Tolkien aliwatungia Wahobiti wa nchi ya Shire kalenda inayostahili kuchambuliwa kwa kalamu mkononi.

Miezi yao ni 12 na kila mmoja una siku 30. Zinabaki siku 5 ambazo hazimo katika mwezi wowote: mbili za Yule, moja ikifunga mwaka na nyingine ikiufungua, na tatu za katikati ya mwaka ambazo ni Lithe ya kwanza, Siku ya Katikati ya Mwaka na Lithe ya pili. Mwaka mrefu huongezewa siku iitwayo Overlithe, nayo ni ya kula na kunywa. Kisha Wahobiti wakafanya mageuzi: Siku ya Katikati ya Mwaka, na Overlithe inapokuwepo, zisiwe na jina la siku ya juma. Zinabaki siku 364, ambazo ni majuma 52 kamili, na kila mwaka huanza Jumamosi na kuisha Ijumaa. Kalenda moja ya ukutani ingewatosha maisha yao yote.

Fuatilia matokeo yake. Mwaka unaanza na Yule ya pili, Jumamosi, kwa hiyo mwezi wa kwanza unaanza Jumapili. Mwezi wa siku 30 unazidi majuma manne kwa siku 2, hivyo miezi inayofuata huanza Jumanne, Alhamisi, Jumamosi, Jumatatu na Jumatano. Inakuja Lithe ya kwanza, Ijumaa, siku isiyo na jina, kisha Lithe ya pili, Jumamosi, na mwezi wa saba unaanza tena Jumapili. Mlolongo unajirudia. Hakuna mwezi unaoanza Ijumaa, hata mmoja, mwaka wowote. Tolkien aliliona hilo, akawapa Wahobiti msemo: jambo lisiloweza kutokea husemwa litatokea Ijumaa tarehe mosi.

Msemo huo mmoja unanifundisha kuliko majedwali yote ya kitabu kile. Mtunzi aliihesabu kalenda yake mpaka mwisho, kisha akasikiliza watu wanaoishi ndani yake wangetania nini. Ifanyie yako hivyo hivyo. Tafuta siku isiyowezekana, mwezi unaochosha, tarehe ambayo wadaiwa wote huikimbia, na uwape watu wako maneno ya kuisema.

Wape watu kalenda mbili

Hapa ndipo waandishi wa Kiswahili tuna mtaji mkubwa, na nasikitika tunautumia kidogo mno. Watu wa pwani yetu hawakuishi kwa kalenda moja. Ibada ilikwenda kwa mwezi mwandamo, na baada ya Ramadhani miezi ilihesabiwa Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, mpaka Mfunguo Tisa, kisha Rajabu, Shabani na Ramadhani tena. Lakini mwezi unaotangulia siku 11 kila mwaka hauwezi kumwambia nahodha kusi itaanza lini, wala mkulima apande lini. Kwa hayo walikuwa na hesabu ya jua inayoanzia Nairuzi, iliyotoka Uajemi: siku 365 zilizohesabiwa kwa miongo ya siku kumi kumi, miongo 36 na siku 5 zinazobaki. Makunduchi, kusini mwa Unguja, Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka mpya huo, bado huadhimishwa mwezi Julai, wanaume wakipigana kwa magogo ya migomba na kibanda cha makuti kikichomwa moto.

Hesabu ya miongo ilikuwa na kasoro inayomfaa sana mtunzi. Haikuwa na mwaka mrefu, kwa hiyo ilirudi nyuma siku moja kila miaka minne dhidi ya jua. Mtu mmoja haoni tofauti. Ukoo wa vizazi vinne utaona kwamba siku ambayo babu mkuu alipanda mtama sasa si siku ya kupanda.

Kwa hiyo wape watu wako kalenda ya imani na kalenda ya kazi, kisha angalia zinapogongana: mavuno yameiva katika mwezi wa kutofanya kazi, upepo wa safari umeanza wakati wa matanga ya kifalme. Misimu nayo ipe majina ya kile inachowafanyia watu, sio namba. Kaskazi, masika, kipupwe, vuli na demani ni mvua, baridi na upepo kabla ya kuwa tarehe, na mtu wa visiwa vyako naye atazungumza hivyo. George R.R. Martin, katika riwaya zake, amefanya majira ya nchi ya kubuni ya Westeros yadumu miaka bila mpangilio unaojulikana, na siasa, chakula na hofu za watu wake zimejengwa juu ya jambo hilo moja.

Amua pia siku inaanza saa ngapi. Kwa desturi ya pwani usiku hutangulia mchana wake, hivyo usiku wa Ijumaa ni ule unaotangulia Ijumaa. Mgeni anayehesabu siku tangu usiku wa manane atafika saa ishirini na nne baada ya wenyeji kumngoja na kuondoka. Katika kisa cha ujasusi au cha wapenzi wanaotoroka, hiyo inatosha kuua mtu.

Mwaka wa kwanza ni wa nani

Mwanzo wa hesabu ya miaka ni madai ya mtu fulani. Wahobiti wanahesabu tangu walipovuka mto na kuingia Shire. Gondor, ufalme katika kitabu hicho hicho cha Tolkien, baada ya adui mkuu Sauron kuanguka tarehe 25 Machi, iliifanya siku hiyo kuwa mwanzo wa mwaka. Aliyeshindwa vita atahesabu vingine, hata kama ni kwa siri. Papa Gregory XIII aliporekebisha kalenda mwaka 1582, tarehe 4 Oktoba ilifuatwa na tarehe 15 katika nchi zilizomtii papo hapo. Uingereza ilikubali 1752, Urusi 1918. Kwa karne nzima na zaidi, barua iliweza kuvuka mpaka na kufika tarehe iliyotangulia ile ya kuandikwa kwake.

Usilazimike kuhesabu miaka kwa namba. Bibi yako huenda alizaliwa mwaka wa nzige au mwaka wa njaa fulani, na kila mtu wa umri wake alijua ni lini. Miongoni mwa Wanandi na Wakipsigis majina ya marika huzunguka, na jina hurudi baada ya zaidi ya miaka mia moja, likivaliwa na vijana wapya. Ulimwengu unaohesabu kwa duara namna hiyo hufikiri tofauti na ule unaohesabu kuanzia mfalme wa kwanza kwenda mbele bila mwisho.

Kuiandika ndani ya hadithi

Yote haya ni yako. Msomaji apate sehemu ndogo tu, tena kwa mdomo wa watu wenye shida zao. Usimwandikie mtu akimweleza mjomba wake kwamba mwaka wa kwao una siku 310, kwa sababu mjomba anajua. Andika hivi:

"Shikamoo mjomba. Mama anauliza lile deni."

"Marahaba. Mwambie Chumvi ya pili, bamvua ikishapita."

"Ulisema hivyo tangu mwezi wa kuanika."

Mistari mitatu, na msomaji ameshajua kwamba Chumvi ni siku, kwamba inarudi zaidi ya mara moja kwa mwezi, kwamba watu wanaishi kwa maji na kwamba kuna mwezi wa kuanika. Amejua pia mjomba ni mtu wa namna gani. Jina moja jipya kwa ukurasa linatosha. Ukiwa na mashaka, sema "siku tatu baada ya mwezi kuandama" na uendelee na kisa.

Upande wako, weka jedwali la mswada mzima: sura, tukio, siku ya juma, tarehe, umri wa kila mwezi angani, hali ya maji, na safari imechukua siku ngapi. Lijaze unapoandika, usingoje kumaliza. Tolkien mwenyewe, mwaka 1944, akiwa katikati ya kazi, aligundua kwamba mwezi wake unachomoza upande mmoja wa nchi na wakati huo huo unazama upande mwingine, akalazimika kurudi nyuma na kuandika upya. Alikuwa na wahusika waliotengana wakitembea njia mbalimbali chini ya anga moja, na wako pia watatengana.

Mswada ukikamilika, mpe mtu mmoja anayeijua bahari au shamba, na mwingine anayependa hesabu, wakiwa na jedwali lako mkononi. Waombe watafute mimba iliyodumu mno, farasi aliyekwenda haraka mno, mwezi mpevu uliorudi baada ya siku kumi. Wakikuonyesha tarehe isiyowezekana, badilisha tarehe na uliache anga kama lilivyo, kwa sababu sura nyingine zote zimeshasimama juu yake.